Mimi wa Kuazima

Mwaka 1995 kijana aliyejiita 2 Proud alitoa kaseti yake ya kwanza. Jina lake la nyumbani ni Joseph Mbilinyi. Baadaye akawa Mr. II, na baadaye zaidi Sugu, jina lililomfuata hadi bungeni. Kaseti yenyewe aliipa jina la maneno mawili tu: Ni Mimi. Kwa nchi iliyolelewa na kwaya, bendi za mashirika ya umma na nyimbo za sisi wakulima, sisi wafanyakazi, sisi wananchi, hilo halikuwa jina dogo. Mtoto wa watu, hana cheo, hana bendi, hana hata gitaa, anasimama na kusema kwamba ni yeye.

Sasa yeye nani? Sikiliza rapu ya Kiswahili kuanzia hapo hadi leo, utakuta mzigo mzito kuliko yote umebebwa na huyo huyo mimi: mimi niliyesota, mimi niliyelala njaa geto, mimi niliyeponzwa na raha, mimi niliyegeuka teja. Wasikilizaji waliyapokea maneno hayo kama ushahidi wa mtu aliyeapa. Lakini mara nyingi, hasa katika miaka iliyoufanya muziki huu upendwe na watu wote, aliyekuwa akiungama si yule aliyeshika maiki. Mchanaji alikuwa amemwazima mtu mwingine nafsi. Na wachanaji hao walipokuja kuwa na ya kwao ya kuungama, wengi waliyasemea mahali pengine kabisa, mbali na studio.

Mwanzoni hata mtaa wenyewe ulikuwa wa kuazima. Saleh Jabir, aliyevuma mwaka 1991, alichukua mdundo wa Ice Ice Baby wa Vanilla Ice akaushonea maneno ya Kiswahili. Kundi la Kwanza Unit, lililoundwa mwaka 1993, lilichana zaidi kwa Kiingereza. Ili uchane wakati ule ilikubidi kwanza uwe umesikia, na ili usikie ilikubidi uwe na mjomba Ulaya au rafiki mwenye deki na kanda za video kutoka nje. Vijana wa Upanga na Oysterbay walikuwa navyo. Kijana wa Temeke, aliyekuwa na shida halisi za kusimulia, alivipata kwa kuchelewa, tena nakala ya nakala. Kwa hiyo maisha magumu ya mtaani yaliingia katika rapu yetu kwanza kama mtindo wa watu wa mbali, yakiwa na suruali pana na kofia ya kugeuza nyuma, na wazazi wakawa na neno moja tu la kuyaelezea: uhuni.

Mambo mawili yalibadilisha hali hiyo. La kwanza ni redio. Hadi sheria ya utangazaji ya mwaka 1993, Tanzania Bara ilikuwa na sauti moja tu hewani, Redio Tanzania Dar es Salaam, na RTD ilikuwa na kamati na vigezo vyake. Radio One na ITV zilianza mwaka 1994, na mwishoni mwa muongo Clouds FM ikaingia kwa nguvu. Vituo vilikuwa na saa nyingi za kujaza, na vijana walikuwa na kaseti nyingi za kuleta. Mtangazaji Mike Mhagama wa Radio One ndiye anayetajwa zaidi kwa kuuita muziki huu Bongo Flava, ili kuutenganisha na ule wa Marekani uliokuwa ukipigwa katika kipindi hicho hicho.

La pili ni maisha. Mashirika ya umma yalikuwa yakiuzwa au kufungwa, watu wakipunguzwa kazini, shule na hospitali zikidai uchangie gharama. Waliomaliza darasa la saba au kidato cha nne walishuka mjini na kukuta ajira pekee ni kuzungusha bidhaa mkononi. Machinga akawa mtu wa kila kona, na mgambo akawa adui yake wa kila asubuhi. Mada ilikuwa imejileta yenyewe, na rapu haikuwa na haja tena ya kuiagiza New York.

Mtu asidhani kwamba Kiswahili kilikuwa kikingoja maiki ifike ndipo kijue kuungama. Mwanzoni mwa karne ya 19 Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir aliutunga Al-Inkishafi akiukemea moyo wake mwenyewe, akiuonyesha majumba ya Pate yaliyobaki magofu baada ya watu waliokuwa na taa, mito na wapambe. Anajihutubia, na sisi tunasikiliza pembeni. Siti binti Saad, katika miaka ya 1920, aliimba kisa cha Kijiti, cha mwanamke aliyeuawa Unguja na kesi ambayo mtaa mzima uliona imekwenda kombo. Mwishoni mwa karne Remmy Ongala aliimba Mambo kwa Soksi, akihimiza kondomu kwa maneno ambayo RTD haikukubali kuyapiga. Hivyo mtaa ulikwisha kuimbwa, mauti yalikwisha kuimbwa, na moyo ulikwisha kusutwa hadharani. Kilichokuwa bado ni kijana wa miaka 20 anayesimulia aibu zake kwa kirefu, beti tatu za mistari 16, bila ala ya kupumzikia.

Mwaka 2000 kundi la Hard Blasters lilitoa albamu ya Funga Kazi, na humo mlikuwa na wimbo Chemsha Bongo uliomtambulisha Joseph Haule kwa nchi nzima. Akatoka peke yake kwa jina la Professor Jay, na mwaka 2001 akaja na albamu ya Machozi, Jasho na Damu. Kichwa hicho kingefaa kitabu cha kumbukumbu za maisha. Lakini wimbo uliolipuka ndani yake ulikuwa Ndio Mzee, na katika Ndio Mzee Jay si Jay. Ni mwanasiasa jukwaani, anamwaga ahadi zisizo na kichwa wala miguu, na umati unaitikia kwa utii. Anasema mimi, mimi, mimi, nasi tunacheka kwa sababu tunamjua huyo mimi, tumempigia kura. Jay alikuwa amegundua kwamba mtu akivaa nafsi ya mwingine na kuisemea kutoka ndani humfichua zaidi kuliko akimshambulia kutoka nje. Na hakuna wa kumshtaki, maana anayesema ni mheshimiwa mwenyewe.

Ufundi huo ndio uliozaa ungamo la Bongo Flava.

Huko Temeke ulifanya kazi tofauti kidogo. Gangwe Mobb, yaani Inspekta Haroun na Luteni Kalama, walitoa Simulizi la Ufasaha mwaka 2001, wakaingiza kwenye kaseti Kiswahili cha kijiweni ambacho mwalimu wa lugha angekipiga wino mwekundu mstari kwa mstari. Juma Nature, na Nini Chanzo yake ya mwaka huo huo, alileta sauti ya mtu anayelia na kutania kwa pumzi moja. Nature alipokuja kuimba Mugambo, wimbo wa machinga na mgambo, hakuhitaji kuwa na meza ya bidhaa ili aaminike. Lafudhi ilimtosha. Kule Mbagala na Tandika watu walimsikia kama jirani, na jirani hatakiwi kuleta vyeti.

Kazi ya studio nayo ilisaidia. Muda wa kurekodi ulikuwa ghali kwa kijana asiye na kipato, kwa hiyo mashairi yaliandikwa kwanza kwenye kaunta buku, yakakaririwa kijiweni mbele ya masela wasio na huruma, yakakatwa, yakarudiwa, hadi siku ya kuingia studio kwa mtayarishaji P-Funk wa Bongo Records au kwa mwenzake Master J mtu anachana beti nzima bila kutazama karatasi. Simulizi iliyopita kwenye mchujo wa kijiwe ilikuwa na kila kitu ambacho kijiwe kinapenda: majina ya mitaa, bei ya vitu, nani alivaa nini, nani alimwacha nani. Ndiyo sababu nyimbo hizo zina chembechembe za ukweli hata pale ambapo kisa chenyewe ni cha kutunga. Baada ya hapo kaseti ilikwenda Kariakoo kwa msambazaji, ambaye kwa kawaida alimpa msanii fedha za mara moja na mambo yakaishia hapo. Mtu angeweza kusikika katika kila daladala ya Posta na bado akapanda daladala hiyo hiyo kwa kuomba lifti kwa konda.

Kisha ukaja wakati wa Ukimwi kuimbwa kwa nafsi ya kwanza.

Ugonjwa ulikuwa nchini tangu mwaka 1983, ulipogunduliwa Kagera. Miaka 20 baadaye, utafiti wa kitaifa wa 2003 na 2004 ulikuta asilimia 7 ya watu wazima wenye umri wa miaka 15 hadi 49 wana virusi. Dawa za kufubaza zilianza kutolewa na serikali mwishoni mwa 2004; kabla ya hapo zilikuwa za wenye nacho. Mtu aliyepokea majibu mwaka 2002 alipokea hukumu. Misiba ilikuwa kila wiki, na kila msiba ulikuwa na uongo wake: alikuwa na malaria, alikuwa na kifua, alirogwa. Kila mtu pale kwenye mkeka alijua, na hakuna aliyetamka.

MwanaFA, wakati huo akijiita Mwanafalsafa, alitamka. Alikufa kwa Ngoma lilikuwa jina la wimbo wake, na katika lugha ya mitaani ngoma ni Ukimwi. Lakini jina lenyewe linakuonyesha amesimama wapi: alikufa, yule. Msimulizi yuko upande wa wazima. Mwaka 2004 Ferooz wa Daz Nundaz, akimshirikisha Professor Jay, alivuka mstari huo kwa wimbo wa Starehe. Humo anayesema ndiye mgonjwa. Ni kijana aliyeponda maisha, akafuja, akabadili wapenzi, na sasa virusi viko mwilini naye anayahesabu makosa yake kitandani, kwa nafsi ya kwanza, kwa mimi, kwa sauti ya kuimba inayokaribia kwikwi. Nyimbo za Ukimwi zilikuwepo nyingi, nyingine zimelipiwa na miradi ya afya, na unaweza kuzitambua ukisikia tu mstari wa kwanza kwa jinsi zinavyokunyooshea kidole. Starehe haikumnyooshea mtu kidole. Ilikuwa inajihukumu yenyewe, na anayesikiliza akabaki hana pa kuelekeza hasira.

Kilichofuata ni jambo ambalo kwangu ndilo kiini cha historia hii: watu waliamini. Ferooz alikuwa kijana mzima akiigiza mgonjwa, kama mwigizaji yeyote wa tamthilia ya redio, lakini maswali yalizagaa mitaani kama kweli anaumwa. Hakuna aliyewahi kumwuliza mwigizaji wa mchezo wa Krismasi kama kweli ni Herode. Mchanaji hakupewa nafasi hiyo. Muziki huu ulikuwa umetumia miaka kumi kudai kwamba unasema hali halisi, na Mr. II alikuwa na wimbo wenye jina hilo hilo. Sasa ulikuwa unaaminiwa hata pale ulipokuwa unatunga.

Nina jambo jingine la kusema juu ya Starehe, na si kila mpenzi wa wimbo huo atalipenda. Ungamo ni ruhusa. Rapu ilikuwa bado inasakamwa kwa uhuni; wimbo wa kusifia pombe, wasichana na kutumbua fedha ungekemewa redioni na nyumbani. Lakini mweke msimulizi wako kitandani, anakufa, anajuta, na hapo unaweza kuzipitia raha zote moja baada ya nyingine, kwa ladha, na mama mzazi akaongeza sauti ya redio kwa sababu wimbo una ujumbe. Vijana wengi walicheza ubeti wa raha na wazee wakasikiliza ubeti wa majuto, na wote walikuwa wanasikiliza wimbo mmoja. Sisemi kwamba Ferooz na Jay walipanga hivyo. Nasema umbo la ungamo lilifanya kazi hiyo tangu enzi za masheikh na mapadri, na vijana wa Dar waliligundua upya kwa njia yao.

Ruhusa hiyo ilikuwa ya wanaume. Zay B, Sista P na Rah P walichana, na kwa ukali, lakini zaidi walichana kwa kujibu, kwa kujitetea, kwa kutaka heshima. Mwanamume aliyeimba kwamba alilala na wengi na sasa anajuta alipewa pole. Mwanamke angeimba maneno hayo hayo, pole ingechukua muda mrefu kufika, na pengine isingefika. Kwa hiyo katika maungamo ya miaka ile mwanamke yupo kila mahali, kama kishawishi, kama aliyeambukiza, kama aliyeachwa, ila hapati ubeti wake.

Nairobi, wakati huo huo, walikuwa wamechukua njia nyingine. Kalamashaka, vijana watatu wa Dandora, mtaa uliojengwa kando ya jaa kuu la taka la jiji, walitoka na Tafsiri Hii katika nusu ya pili ya miaka ya 1990 na kuwathibitishia Wakenya kwamba rapu ya Kiswahili na Sheng inaweza kupigwa redioni. Waliokuja kuungana nao katika Ukoo Flani Mau Mau, wakiwemo vijana wa Mombasa, walijipa jina la wapigania uhuru wa msituni. Wao walipotaja njaa, bunduki na polisi walisema sisi. Msikilizaji wa Dar aliyezoea kusimuliwa kisa cha mtu mmoja, mwanzo hadi mauti, alikutana na watu wanaosimulia mtaa mzima na kudai deni la nchi nzima. Nguvu ya huko kusema sisi ilikuwa kubwa. Hasara yake ni kwamba katika sisi mtu anaweza kujificha, na baadhi ya wachanaji wa kizazi kile waliumizwa na pombe na ukata kwa miaka mingi bila nyimbo zao kulitaja hilo hata mara moja.

Turudi Dar. Aliyekaribia zaidi kuungama bila kuazima alikuwa Albert Mangwea, Ngwair, kijana wa Dodoma mwenye mtiririko ambao wengi hawajaufikia. Albamu yake ya 2004 iliitwa a.k.a. Mimi. Katika Ghetto Langu anakukaribisha chumbani. Geto la Dar tunalijua: chumba kimoja cha kupanga, godoro chini, pazia la kanga au shuka, jiko la mchina kwenye kona, sufuria iliyoachwa na ukoko wa jana, redio kubwa kuliko vitu vyote vingine, na washikaji wanne wanaolala mzungu wa nne kwa sababu mmoja tu ndiye aliyelipa kodi. Ngwair hakulilia geto wala kulifanya jukwaa la mawaidha. Alilionea fahari. Nikiulizwa ni wimbo gani wa enzi ile unaosema ukweli zaidi juu ya umaskini wa kijana wa mjini, nitautaja huo kabla ya nyimbo zote za machozi, kwa sababu maskini hashindi akilia. Anashinda akipanga chumba chake.

Ngwair alifariki Johannesburg tarehe 28 Mei 2013. Mwili ukaletwa nyumbani, ukaagwa na maelfu, ukazikwa Morogoro. Siku 16 baada ya kifo chake, tarehe 13 Juni, akafariki Langa Kileo.

Langa alikuwa amejulikana mwaka 2004 kupitia Wakilisha, kundi la watu watatu akiwa na Witness na Shaa, lililotokana na shindano la Coca-Cola Pop Stars. Alikuwa na ucheshi na sauti ya kukwaruza. Kisha akapotea, na aliporudi alisema alikokuwa: kwenye unga. Alisema kwa vyombo vya habari, kwa jina lake, bila kumsingizia mhusika wa kutunga. Dar ilikuwa imekwisha kuzoea kuwaona mateja vituoni wakiita abiria na kuosha vioo vya daladala, wamesinzia wakiwa wamesimama. Heroini ilikuwa imebadilika kutoka ya kuvuta kwenda ya kujidunga, na Februari 2011 Hospitali ya Muhimbili ilifungua kliniki ya methadoni. Lakini teja katika macho ya watu alikuwa kibaka, mtoto wa mtu mwingine. Langa aliwapa teja mwenye sura waliyoipenda. Mwimbaji Ray C, ambaye si mchanaji lakini ni wa kizazi hicho hicho, alijitokeza mwaka 2012, akatibiwa kwa msaada wa Rais Kikwete, akalisimulia hilo hadharani. Mchanaji Chid Benz wa Ilala alikamatwa uwanja wa ndege wa Dar es Salaam Oktoba 2014, akapandishwa Mahakama ya Kisutu, akatozwa faini, na baadaye habari za yeye kupelekwa soba hausi Bagamoyo zikawa za ukurasa wa mbele.

Tazama ungamo limehamia wapi. Redioni, kwenye kochi la mahojiano, mbele ya hakimu, kwenye simu ya mtu aliyekurekodi umelala barazani. Nyimbo kuhusu unga zipo, lakini waliokuwa ndani ya unga waliusemea zaidi nje ya studio. Sababu moja ni ya kawaida kabisa: alosto, yale mateso ya kukosa unga, haimwachii mtu nafasi ya kukaa na kaunta buku akatafuta vina. Nyingine ni soko. Kufikia 2013 kilichokuwa kinauzika ni nyimbo za kucheza na za mapenzi, kaseti zilikuwa zimekufa, fedha ziko kwenye matamasha, na promota hamlipi mtu aje awahuzunishe watu Jumamosi usiku. Mahojiano ya machozi, kwa upande mwingine, yalikuwa na wasikilizaji wengi kuliko wimbo wowote. Kuna vituo vilivyojenga jina kwa maungamo ya wasanii ambao nyimbo zao havikuwa vinazipiga tena, na sioni kwa nini jambo hilo lipewe jina zuri.

Professor Jay, tuliyemwacha jukwaani akiigiza mheshimiwa, aligombea ubunge wa Mikumi mwaka 2015 kwa tiketi ya CHADEMA akashinda. Sugu alikuwa amemtangulia Mbeya Mjini mwaka 2010, na mwaka 2018 alifungwa jela miezi mitano kwa maneno aliyoyasema kwenye mkutano wa hadhara, akaachiwa Mei. MwanaFA, kwa jina la Hamis Mwinjuma, aliingia bungeni mwaka 2020 kupitia CCM kwa Muheza, na mwaka 2023 akawa naibu waziri wa michezo na sanaa. Wachanaji watatu, vyama viwili. Kwa Jay kulikuwa na mzaha ndani yake ambao hakuna mtunzi angethubutu kuuandika: aliyewafundisha Watanzania kumcheka mbunge wa ahadi ilimbidi asimame mbele ya wapiga kura na kuahidi. Wapinzani wake hawakuacha kumkumbushia wimbo.

Alipoteza kiti mwaka 2020. Januari 2022 akaugua, akalazwa Muhimbili, figo zikiwa zimemwangusha. Alikaa chumba cha wagonjwa mahututi siku 127. Nje ya ukuta uvumi ulimwua mara kadhaa, watu wakachanga, serikali ikabeba gharama. Mwaka 2023 alitoa wimbo akiwa na mwimbaji wa injili Walter Chilambo, na jina lake ni hesabu tupu: Siku 462, ndizo alizokaa hospitali. Akaanzisha pia taasisi ya kuwasaidia wagonjwa wa figo.

Wimbo huo si bora kiufundi kuliko Ndio Mzee, wala sidhani alikuwa na nia hiyo. Sauti imechoka. Maneno ni ya shukrani, kwa Mungu, kwa madaktari, kwa familia. Aliyekuwa bingwa wa kuvaa nafsi za watu, aliyeshiriki wimbo wa mgonjwa akiwa mzima wa afya, alipofika kitandani mwenyewe hakuleta mhusika, hakuleta kisa chenye kilele, na kejeli aliiacha mlangoni. Mgonjwa wa kutunga alikuwa na maneno mengi kuliko mgonjwa wa kweli. Nadhani hapo kuna jibu la kwa nini kizazi kile kiliazima: maumivu ya mwenzako unaweza kuyapangia vina, yako yanakuja bila mpangilio.

Kizazi kilichofuata kimejaribu kuyapangia vina hivyo hivyo. Stamina wa Morogoro alimwaga habari za ndoa yake iliyovunjika katika Asiwaze, na wimbo ukapendwa hasa kwa sababu kila mtu alijua kwamba safari hii mimi ni yeye kweli. Una mistari mizito, na ninauheshimu ujasiri wake. Lakini ungamo la kweli lina gharama ambayo lile la kuazima halikuwa nayo. Wapenzi wa yule kijana wa Starehe hawakuwepo duniani. Hakuna aliyekwenda kuwatafuta sokoni. Ndoa ina watu wawili, mmoja ana maiki, na mwingine anaamka asubuhi akute nchi nzima inajadili kitanda chake. Bado hatujawa na desturi ya kuliangalia hilo. Tunamsifu anayefunguka na kumsahau aliyefunguliwa.

Wakati huo huo nafsi ya kuazima imerudi, safari hii ikitangaza wazi kwamba ni ya kuazima. Dizasta Vina ana mfululizo wa nyimbo unaoitwa Hatia, simulizi ndefu za makosa na hukumu zinazosemwa kutoka kinywani mwa wahusika, na albamu yake ya 2020 aliiita The Verteller, neno la Kiholanzi la msimuliaji. Hazipigwi sana mchana redioni. Zinasikilizwa kwa simu, usiku, na watu wanaorudia ubeti mara nyingi kutafuta kidokezo walichokikosa, kisha wanabishana mhusika alikuwa anamdanganya nani. Swali lililomwandama Ferooz mwaka 2004, kama ni kweli yamemkuta, hawalijali. Wanataka kujua sehemu inayofuata itatoka lini.